Binti yangu hali, halali. Nianzie wapi?

Mama_Tukuyu: Habari zenu wapendwa. Binti yangu ana miaka 15, yuko kidato cha pili. Tangu shule zifunguliwe hali vizuri, usiku yuko macho, madaftari matupu. Juzi nimemkuta jikoni, maharage yanaungua mbele yake wala hasikii harufu. Zahanati walipima malaria na taifodi, hakuna kitu, tukapewa vitamini. Ukweni wanasema aombewe. Maombi siyakatai, ila naona mtoto anaisha.

Muuguzi_Uyole: Pole sana mama. Usingoje, mlete Hospitali ya Rufaa ya Kanda hapa Mbeya, kitengo cha afya ya akili kipo. Watu wanadhani ni mpaka Mirembe, ile hospitali ya afya ya akili ya Dodoma, siyo. Kama mna bima, chukueni kwanza barua ya rufaa huko huko. Inaweza kuwa sonona, yaani ugonjwa wa huzuni nzito isiyoisha, na sonona inatibika: mazungumzo, na dawa ikibidi.

Ticha wa Rungwe: Mama, muulize wazi kama anawaza kufa. Kuuliza hakumpandikizii wazo hilo. Na sumu ya kupulizia viazi iondoeni ndani leo, tafadhali sana! Akitaka kuongea na mtu asiyemjua, 116 ni simu ya watoto, bure.

Mama_Tukuyu: Mungu awabariki. Sumu imeshatoka. Jumatatu tunakuja. Nitaruhusiwa kukaa naye kwa daktari?

Muuguzi_Uyole: Kwa kawaida mnaingia wote, halafu daktari anaomba abaki naye peke yake kidogo. Mkubalie, mama.