Waliostaafu wakati madaraja yamefungwa: nani anawarekebishia mafao?

Wakuu,

Inakera kuambiwa suala la madaraja (ngazi za vyeo na mishahara) ya watumishi wa umma lilishamalizwa. Lilimalizwa kwa nani? Juni 2016 serikali ya Tanzania ilisimamisha upandishaji vyeo kupisha uhakiki wa watumishi hewa na vyeti feki. Sawa, uhakiki ulihitajika. Ila saa ya kustaafu haikusimamishwa. Wengi waliotimiza miaka 60 mwaka 2017 au 2018 walitoka na mshahara wa daraja la zamani, na mserereko (kupandishwa daraja kufidia muda uliopotea) ulipokuja ukawakuta nje ya payroll. Anayejibiwa "mfumo haukusomi" kosa lake ni kuzaliwa mapema?

Msidhani kilichopotea ni malimbikizo tu. Kwa waliokuwa PSPF na LAPF, mifuko ya pensheni ya wakati huo, hesabu ya zamani ilikuwa miezi ya utumishi gawanya kwa 540, mara mshahara wako wa mwisho kwa mwaka mzima. Nusu ya jibu inazidishwa kwa 15.5, ndiyo mkupuo, yaani malipo ya mara moja. Nusu nyingine inagawanywa kwa 12, ndiyo pensheni ya mwezi. Chukua tofauti ya daraja ya shilingi 200,000 kwa mwezi na utumishi wa miezi 360. Mkupuo unapungua 12,400,000. Pensheni inapungua kama 66,667 kila mwezi, maisha yote. Hiyo ni ada ya mjukuu inayokatwa kimyakimya na mtu asiyejua hata jina lako.

Wanaostaafu sasa nao wasicheke. Tangu Julai 2022 kigawanyo ni 580, na unachukuliwa wastani wa miaka mitatu yenye mshahara mzuri ndani ya kumi ya mwisho. Daraja likicheleweshwa hadi ibaki miezi sita, unaingiza miezi 6 kati ya 36, yaani sehemu moja ya sita ya faida yake. Barua unayo, picha ya kupongezwa unayo, fedha hakuna.

Sasa tusichanganye madai, maana hapo ndipo majalada mengi yanakwama. Mwenye barua ya cheo ambayo tarehe yake ya kuanza ni kabla ya kustaafu, ila mshahara haukubadilishwa, ana dai zito: adai malimbikizo kwa mwajiri, kisha mwajiri ndiye aandikie mfuko mafao yakokotolewe upya. Ukienda PSSSF (mfuko wa sasa wa pensheni wa watumishi wa umma) mwenyewe na barua mkononi utarudishwa, kwa kuwa mfuko unakokotoa mshahara uliowasilishwa na mwajiri. Beba barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, barua zote za vyeo, slipu ya mwisho na hati ya mafao; nakala yako ibaki na mhuri wa masijala.

Ambaye barua yake ilisitishwa ana hoja pia, mradi anayo karatasi. Anayeumia kabisa ni aliyekuwa kwenye tange (orodha ya watumishi kwa ukuu kazini), ana sifa zote, bajeti ikasimama kabla barua haijatoka. Huyu hana pa kushika.

Huyo ndiye apewe daraja la makaratasi: mshahara urekebishwe kuanzia tarehe aliyostahili, hata bila malimbikizo, pensheni ikokotolewe upya. Mchango wa tofauti hiyo, 15% ya mwajiri na 5% ya mtumishi, ukatwe kwenye nyongeza ya mkupuo wake kama hazina inaona uchungu.

Maafisa utumishi mnaosoma hapa: tange za 2016 bado ziko kwenye makabati yenu. Nani amewaagiza muorodheshe humo majina ya waliostaafu?