Wateja wanaomba nyama ya elfu saba na mimi nauza kwa kilo. Mbuzi choma anaelekea wapi?

MamaMbavu_Tabata

Wakuu, habari za usiku. Nimefunga hesabu sasa hivi, na ndani ya friza kuna paja zima na mbavu za upande mmoja. Miaka mitatu nyuma nyama hiyo isingefika saa mbili usiku. Nimeona niwaulize wenzangu kabla sijafanya uamuzi utakaonigharimu.

Nina jiko la nyama choma Tabata, si mbali na Kimanga. Alilianzisha baba mkwe, marehemu mume wangu akaliendeleza, na mimi nalisimamia mwaka wa sita huu. Sisi ni watu wa mbuzi. Nakwenda mnada wa Pugu mwenyewe, nachagua ndafu wa Dodoma au Singida, anachinjwa Vingunguti, anapigwa muhuri wa mkaguzi, na kabla ya saa sita mchana ananing'inia kwenye kabati langu la kioo. Mteja anaingia, anaonyesha kidole: "Nikatie hapa kwenye mkono, na ubavu kidogo." Inapimwa mbele yake. Anakunywa supu huku anasubiri dakika 50, wakati mwingine saa nzima, kisha nyama inaletwa juu ya ubao na kukatwa pale pale mezani, chumvi pembeni, pilipili, kachumbari, ndizi za kuchoma. Watu wanne walikuwa wakimaliza kilo mbili, wanaongeza nusu.

Sasa sikilizeni kinachonisumbua. Watu hawajapungua. Ijumaa viti vimejaa, na siku ya Simba na Yanga wengine wanasimama. Kinachopungua ni kilo. Daftari langu linaonyesha kwamba Ijumaa ya mwisho wa mwezi nilikuwa namaliza mbuzi watatu, na sasa ni mmoja na nusu. Siyo Januari na siyo mwezi wa Ramadhani, hizo nazijua na huwa najipanga. Hii imekuja polepole na haiondoki.

Kilo ni 24,000, nusu 12,000, nayo ndiyo ndogo kabisa ninayopima. Vijana wanafika kaunta, wanauliza, "Mama, una ya elfu saba?" Nikisema sina, wanakwenda kwa jirani kununua robo kuku na chipsi, wanarudi nazo kukaa kwangu na kununua soda. Wengine wananitumia ujumbe wakiwa kwenye foleni: "Nifungie nusu, nafika baada ya dakika 20." Dakika 20 mbuzi hajaanza hata kutoa jasho.

Na mkaa nao. Gunia nililokuwa nanunua 55,000 leo ni 90,000, na linakaa siku nne.

Shemeji yangu anasema niachane na mbuzi, niweke kuku wa kisasa na kitimoto. Kitimoto sitaweka, nusu ya wateja wangu ni Waislamu na wameniamini tangu enzi za baba mkwe. Kuku naweza. Ila roho inaniuma, jina la hapa ni mbuzi. Kuna aliyepitia hali hii? Mlifanyaje?

MlajiWaSegerea

Dada, mimi ni mlaji, sijawahi kuwa muuzaji, naomba nikueleze upande wetu.

Zamani tulikwenda watu watano na mmoja ndiye alikuwa mwenyeji wa meza. Leo analipa huyu, wiki ijayo yule. Mwenye meza hawezi kuagiza robo, ataonekanaje? Anaagiza kilo mbili, sinia linakuja, tunakula kwa mkono mmoja. Siku hizi lipa namba iko ukutani na kila mtu anatoa simu yake analipa alichokula. Mtu anayelipa chake peke yake anaagiza chake peke yake. Hapo sinia limekufa, na kilo imekufa nalo.

La pili nakwambia kwa heshima. Kilo ya mbichi siielewi. Napimiwa nusu, inarudi kidogo, nabaki najiuliza kama kuna kipande kimebaki jikoni. Sisemi wewe unafanya hivyo. Nasema sina njia ya kujua. Robo kuku naiona kwa macho kabla sijalipa.

Nina elfu saba, nane, ya kula Jumanne nikitoka kazini. Ningependa iwe mbuzi. Sina saa nzima ya kusubiri.

MzeeWaMakaa

Mwanangu, nimechoma Arusha miaka 27. Usiache mbuzi. Kuku wa kisasa kila mtu anaye, na kinachouzwa na kila mtu faida yake ni shilingi.

Dakika 50 ni za mchomaji anayeanza na nyama ya baridi juu ya moto mkali. Jiko lako lifanye la sehemu mbili. Huku makaa mengi, kule majivu yenye moto mdogo. Saa tisa alasiri weka mbavu na mikono mizima upande wa moto mdogo, mfupa chini, maji ya chumvi kila mara, usiikate. Nyama ikiiva nzima nzima inabaki na maji yake. Mteja akija saa moja unaipeleka upande wa moto mkali dakika 10, ngozi inakauka, unakata. Mtu mwenye haraka amekula, na mkaa umetumia nusu.

Na mkaa wenyewe uchague. Mkaa wa migunga ni mzito, ukiupiga unalia kama chuma, na unakaa. Ule mwepesi unaowaka haraka ni bei ndogo kwa macho tu, gunia linaisha siku mbili.

NesiKibaha

Mzee wangu shikamoo. Njia yako ni nzuri kwa sharti moja, na naomba mama alishike vizuri. Nyama iive kabisa upande wa moto mdogo, halafu ibaki ya moto mpaka mteja anapokuja. Hatari ni ile ya kuibanika nusu, kuiweka pembeni kwenye beseni, kisha kuimalizia jioni. Kati ya nyuzi 5 na 60 za Selsiasi vijidudu vinazaliana haraka, na saa za alasiri ya Dar ni ndani ya hapo kabisa. Kipimajoto cha kuchoma kwenye nyama kinapatikana. Sehemu nene isishuke chini ya 60 wakati wote inaposubiri. Na ubao wa nyama mbichi usikatiwe iliyoiva.

Nyongeza: wateja wa umri wangu wanaulizia mchemsho kwa sababu ya presha na gauti. Mwaka 2015 shirika la utafiti wa saratani lililo chini ya WHO liliweka nyama nyekundu kwenye kundi la vitu vinavyoelekea kusababisha saratani. Moshi wa mafuta yanayodondokea makaa na sehemu zilizoungua ndizo zinazotia wasiwasi zaidi katika kuchoma. Moto mdogo wa mzee unasaidia hapo pia. Ukiona kipande cheusi, kikwangue kabla hakijafika mezani.

MamaMbavu_Tabata

Mzee wangu shikamoo, na asanteni wote.

Mlaji wa Segerea, maneno yako yalininyima usingizi, kwa hiyo leo asubuhi nimepima. Nimechukua kilo kamili ya mbuzi, mkono na ubavu pamoja na mifupa, nikachoma kama kila siku, nikairudisha kwenye mzani. Gramu 640. Nimerudia na kilo nyingine, ikatoka 655. Miaka sita niko jikoni na sikuwahi kurudisha nyama iliyoiva kwenye mzani. Nilijua inapungua, sikujua kwamba mteja wa nusu kilo anaondoka na gramu 320, mifupa ikiwemo, kwa 12,000. Hakuna kipande kilichobaki jikoni, kaka yangu, ni maji na mafuta. Lakini naelewa sasa kwa nini mtu anaangalia ubao kisha ananiangalia usoni.

Swali jipya: kuna anayeuza mbuzi kwa uzito wa iliyoiva?

Nakuru_Mpenda_Choma

Mama, nakusalimu kutoka Nakuru. Huku tuna Kikopey, pale barabara ya Nairobi karibu na Gilgil, msururu wa vibanda vya mbuzi na magari yamejaa kila wikendi. Kilo bado inatawala pale kwa sababu watu wako safarini, wako familia nzima, na kusubiri ni sehemu ya matembezi. Mjini mambo ni tofauti. Katikati ya wiki wengi wanataka nyama karanga, yaani ya kukaanga, au tumbukiza, nyama iliyochemshwa na viazi, karoti na mahindi ndani ya sufuria moja. Inakuwa tayari mapema, inapakuliwa kwa bakuli, na mtu mmoja anashiba. Choma imekuwa ya Jumamosi na Jumapili. Kwa hiyo usitafute jibu moja la wiki nzima.

Mkaa usiulize. Februari 2018 serikali yetu ilisimamisha ukataji miti kwenye misitu ya umma, bei ya gunia ikapaa, na hata baada ya zuio kuondolewa Julai 2023 hatukurudi tulikotoka. Waliosalimika ni wale waliojenga majiko ya matofali yenye kuta nene, moto hautoroki.

Fundi_Gesi_Ubungo

Kwenye mkaa niongeze la kwetu. Agizo la kuacha kuni na mkaa lilianza na taasisi zinazolisha watu zaidi ya 100, mwisho wa Januari 2024, na mkakati wa nishati safi ya kupikia wa 2024 mpaka 2034 unalenga asilimia 80 ya Watanzania. Jiko lako halijaguswa moja kwa moja, lakini upepo unakokwenda unaonekana. Anza na supu, ndizi na chipsi kwenye gesi. Mkaa ubaki wa nyama peke yake. Wateja wangu wawili wamefanya hivyo, na gunia la siku nne linafika siku sita.

Mswahili_wa_Seeb

Dada, mimi niko Seeb, Maskati, asili yangu Unguja. Huku jioni barabarani unakuta moshi tu: mishkaki. Neno ni lile lile letu, wao wanasema mishkak. Mtu anasimamisha gari, haulizi kilo. Anasema "nipe kumi", anapewa vijiti kumi na sosi ya ukwaju, analipa, anaondoka. Forodhani kwetu ni hivyo hivyo. Kijiti ni kipimo ambacho hata mtoto anakielewa.

Unalo paja linalobaki kwenye friza. Paja ndilo lenye mnofu. Litoe mfupa, likate vipande vya ukubwa mmoja, lilaze na tangawizi, kitunguu saumu, ndimu na papai bichi kidogo sana. Papai likizidi nyama inakuwa uji. Mbavu na mkono ziache kwa wanaokaa.

MamaMbavu_Tabata

Nimerudi baada ya wiki mbili, nimeona si vizuri kuchukua ushauri kisha nikae kimya.

Kuku sikuweka. Nilichofanya ni hiki. Jumatatu mpaka Alhamisi nauza sahani ya mbuzi kwa 8,000: gramu 200 za nyama iliyoiva na ndizi moja, mzani umekaa kaunta karibu na ubao, mteja anaona namba. Hesabu haikunitesa, kwa bei yangu ya kilo gramu hizo ni 7,500, ndizi 500. Paja nalitoa mishkaki, kijiti 1,000, kilo ya mnofu inanipa vijiti 20. Kijana wangu wa jikoni aligoma kuhusu moto wa pande mbili, akasema nyama itakauka. Siku ya tatu alionja mkono uliokaa toka saa tisa na hakusema tena. Kipimajoto nimenunua. Supu na ndizi nimehamishia gesi.

Ijumaa na Jumamosi kilo ipo kama zamani, na anayetaka kuonyesha kidole kabatini aonyeshe. Mzee mmoja amekula hapa tangu mume wangu akiwa hai. Aliona mzani wa nyama iliyoiva, akauliza kama tumeanza kuuza dhahabu. Nilimweleza zile gramu 640. Alinyamaza, akasema, "Kumbe miaka yote nilikuwa namlaumu marehemu." Nilikwenda nyuma ya jiko nikalia kidogo.

Jumanne iliyopita nilimaliza mbuzi mzima, na Jumanne nilikuwa sichinji kabisa, nauza mabaki ya Jumapili. Wanaokuja ni wengi wa peke yao, wanakula dakika 15, wanapanda daladala. Wanawake wameongezeka sana. Mmoja aliniambia alikuwa haingii kwa sababu kuagiza kilo peke yake kulimtia aibu.

Faida bado naihesabu, vibebeo vya kufungia vinakula pesa na mishkaki inataka mikono. Ijumaa hii nachinja wawili.

Mlaji wa Segerea, sahani yako ipo: mbavu tatu na kipande cha mkono. Ukifika kaunta ujitambulishe, ndizi ya pili ni juu yangu.