Nahitaji ushauri: wageni wanataka ziara ya baskeli kwenye bustani za mjini

KijanaMalindi
Asalaam alaykum wana jukwaa. Mimi ni mtembeza wageni hapa Unguja mjini, leseni ya Kamisheni ya Utalii ninayo, lakini kazi yangu yote ni ya miguu: vichochoro vya Mji Mkongwe, soko la Darajani, kanisa la Mkunazini, basi. Sasa kuna hoteli imeniletea kundi la watu wanane kutoka Marekani, wote ukoo mmoja. Wamo vijana wawili wa skuli na bibi yao ambaye kapita sitini. Waliwahi kutembezwa kwa baskeli ndani ya Central Park kule New York, wakaipenda, na hapa wanataka kitu cha namna hiyo. Maneno yao: miti, historia, mwendo wa pole, nusu siku.

Hapo ndipo ninapokwama. Bustani kubwa ya mjini hatuna. Forodhani unaimaliza kabla pumzi haijabadilika. Nimefikiria niziunge: Forodhani, Shangani, Bustani ya Victoria, Mnazi Mmoja, Bustani ya Jamhuri, niifuate Creek Road hadi Darajani, nitokee Malindi, halafu tukaze mwendo hadi magofu ya majumba ya Maruhubi na Mtoni. Kwenye karatasi inapendeza. Barabarani ndiyo sijui.

Safari ni Agosti, na hoteli inataka njia na bei kabla ya Alhamisi. Niwapitishe vichochoroni au niwaepushe? Mtoni niende au nibaki mjini? Na wenzangu bei ya kazi kama hii mnaipangaje? Baskeli nitakodi.

PapasiMstaafu
Hahaha, watu wameifuata Central Park Unguja! Yakhe usijipe tabu. Waingize vichochoroni, wapige kengele, wapotee kidogo, uwaibue Jaws Corner wanywe kahawa na kashata. Bakhshishi utakayopewa hutaniamini.

BiShangani
Papasi, wewe hukai mjini, ndiyo maana unasema hivyo. Sisi tunaokaa tunajua. Kwenye uchochoro wetu watu wawili wenye vikapu wakikutana mmoja anageuka ubavu. Barazani pana wazee, watoto wanatoka chuoni na misahafu yao, vespa inakuja kwenye kona bila ya honi. Halafu ndani yake mtu atie baskeli nane za watu wasioijua hata hiyo kona! Kila ikipita moja tunakunja miguu. Ikipita ya nane tumeshakasirika na mgeni anatupiga picha.

Mwanangu KijanaMalindi, ukitaka kuwaonesha ndani, ziegesheni baskeli nje na aachwe mtu wa kuziangalia, muingie kwa miguu. Na nguo uwaambie mapema. Kaptura ya baskeli ile ya kubana, mwanamke akishuka ajifunge kanga. Hapana atakayewagombeza, lakini heshima watapewa zaidi.

MpembaNewYork
Salaam kutoka mbali. Mie mtu wa Wete lakini riziki imenileta huku New York, na hiyo Central Park naikata mara kwa mara, kwa hiyo nikwambie wageni wako wamezoea nini.

Ile ni eka 843. Barabara ya ndani inayoizunguka ni kama kilomita kumi, na magari yameondolewa humo tangu 2018. Baskeli zinakwenda upande mmoja tu, na njia za waendao kwa miguu huruhusiwi kupanda, unashuka ukaisukuma. Kwa hiyo ziara yenyewe haiko kama watu wanavyodhani. Mnapiga pedeli kidogo, mnasimama. Mnaegesha, mnashuka hadi chemchemi ya Bethesda kwa miguu, mnasikiliza hadithi, mnapanda tena. Hapana anayetoka jasho. Kwa hiyo udogo wa Forodhani usikutie hofu, kwa sababu wageni wako wanalipia vile vituo na yule anayezungumza.

La pili ndilo kubwa. Ile bustani haikuota yenyewe. Olmsted na Vaux walishinda shindano la ramani mwaka 1858, ziwa likachimbwa, udongo ukaletwa, miti ikapandwa. Na kabla yao palikuwa na watu. Palikuwa na Seneca Village, kijiji cha Wamarekani weusi waliokuwa na viwanja vyao wenyewe, makanisa na skuli, wakaondolewa 1857 ili bustani ipite. Mtembezaji anayejua kazi yake hapapiti kimya. Sasa watu walioyasikia hayo, wakifika kwako watakuuliza: na hapa chini palikuwa nini?

Na jibu unalo, yakhe! Mnazi Mmoja na Creek Road yote ilikuwa ni maji. Bahari ikiingia ndani ikiutenga mji na Ng'ambo, watu wakivuka kwa daraja pale Darajani, baadaye pakafukiwa. Zile bustani unazotaka kuziunga, kuanzia Mnazi Mmoja kupanda juu, ziko ukingoni mwa maji yasiyokuwepo tena. Wewe waendeshe kwenye ukingo huo. Mkono wa kushoto mji wa mawe, mkono wa kulia Ng'ambo, na kila kituo waulize wanadhani ufuo ulikuwa wapi. Wale vijana wa skuli utakuwa umewapata.

KijanaMalindi
Mpemba, Mungu akuzidishie. Hilo la maji nimekuwa nikiwaambia watu pale Darajani tu, kwa sentensi moja, kisha nakwenda zangu kwenye viungo. Sikufikiria kulifanya ndiyo uti wa ziara nzima. Bado Mtoni, nasikiliza.

AmiBububu
Kijana, mimi ni mzee wa njia hiyo. Nakwambia mambo mawili, upepo na barabara.

Agosti ni kusi, upepo wa kutoka kusini. Ukitoka mjini kwenda Maruhubi na Mtoni unaelekea kaskazini, upepo unakusukuma mgongoni, bibi atacheka njia nzima atajiona kijana. Kurudi mnakula upepo wa uso na jua limeshapanda. Hapo ndipo utakapomjua nani kachoka. Ingekuwa Januari, wakati wa kaskazi, mambo yangegeuka. Kwa hiyo kama ni lazima uende, nenda kwa baskeli urudi kwa gari. Kodi pikapu iwasubiri Mtoni, baskeli zilazwe nyuma na maboksi katikati zisikwaruzane, watu wapande gari nyengine.

Barabara sasa. Kutoka Malindi hadi Kinazini kuna malori ya bandarini, na ukishapita hapo unakutana na daladala za 502, zile za Bububu, ambazo zikimuona abiria hukata kushoto hapo hapo zilipo. Na mgeni wako kwao huendesha kulia! Hilo uliweke mbele ya yote. Akishtuka, mkono unampeleka kulia bila ya yeye kujua. Kwenye kiplefti simameni, shukeni, vukeni kwa miguu. Na mtoke saa kumi na mbili na nusu asubuhi, saa mbili iwe mmeshaimaliza barabara kubwa.

Lakini faida ipo. Njia ya Bububu ndiyo iliyokuwa njia ya treni. Reli ilianza 1905, ikianzia pale Ngome Kongwe hadi Bububu, kama maili saba, iliyojengwa na Wamarekani. Waambie hao wageni uone macho yao. Maruhubi ni jumba la Sultani Sayyid Barghash, lilimalizika 1882 na likaungua 1899, leo zimebaki nguzo na birika za kuogea. Mtoni ni kwa baba yake, Sayyid Said, na ndipo alipozaliwa Sayyida Salme mwaka 1844, yule aliyekwenda kuolewa na Mjerumani akaandika maisha yake. Pana kivuli na pana upepo. Kama una saa moja tu ya kukaa mahala, kaa Mtoni, Maruhubi piteni tu.

PapasiMstaafu
Ami kaniweza. Lakini Kidichi je? Hamamu za 1850 zile, kwa mke wa Kiajemi wa Sayyid Said, na mashamba ya karafuu njiani.

AmiBububu
Kidichi ni mlima, Papasi, na kuna bibi. Ukimpandisha wewe na ukamteremsha wewe, sawa.

FundiMlandege
Nyote mmesema ya njia, hakuna aliyesema chombo. Baskeli za kukodi hapa mjini nazijua, nyingi zinapita mkononi kwangu. Upepo wa bahari unakula cheni, unakula waya wa breki kwa ndani huku nje unang'ara. Kabla hujalipa fanya hivi, kaka: kamata breki ya mbele, isukume baskeli mbele kwa nguvu. Gurudumu la nyuma likinyanyuka, ipo sawa. Baskeli ikiendelea kusonga tu, breki ni ya mapambo. Halafu inyanyue, zungusha gurudumu, tazama kama linacheza kushoto na kulia. Siti iwe usawa wa nyonga ya mtu akisimama kando. Wenye kukodisha huziweka zote chini, mgeni mrefu anaendesha magoti yakigonga usukani.

Tairi usizijaze kwa nguvu usiku ukaziacha zikasubiri jua. Zijaze asubuhi ile ile. Na mkobani utie pampu, tubu mbili za saizi zote mlizonazo, viraka na gundi, spana ya nati za magurudumu. Pancha ya Gulioni utapata fundi. Ya karibu na Maruhubi asubuhi hiyo utaziba mwenyewe.

MtembezajiMwenzio
Kuhusu bei, ndugu yangu. Usiandike bei ya kichwa kimoja kimoja bila ya kuweka kima cha chini. Wakija wanane wakageuka watano asubuhi ile, pikapu haipungui bei, wala msaidizi. Andika bei ya kundi zima, na ueleze kilichomo: baskeli, kofia ngumu, maji, gari ya kurudi, tiketi za magofu (ulizia mapema wanatoza nini), na msaidizi. Msaidizi si anasa. Watu wanane unahitaji mmoja mbele na mmoja mkiani, na wa mkiani awe yule anayejua kuziba pancha.

Na nusu ya pesa ichukue kabla. Kuna hoteli moja, jina naliweka, ilinizungusha na malipo mpaka msimu ukaisha, kila nikienda mhasibu yuko safari. Sasa hivi bila ya nusu mkononi sitoki nyumbani.

BiShangani
Nirudi kwenye bustani zenyewe, maana mmezikimbia mkaenda shamba. Forodhani waanzie, wasimalizie. Jioni pale pamejaa meza za pweza na mishkaki na mapipa ya miwa, baskeli nane zitalala wapi? Asubuhi imefagiwa, wazee wanapunga upepo, unasikia mpaka mashua. Ilitengenezwa 1936 kwa jubilei ya Sayyid Khalifa, na kibanda cha bendi kipo mpaka leo, kisha ikafanyiwa ukarabati mkubwa ukamalizika 2009. Beit el Ajaib, lile jumba la masultani, ielezee ukiwa bustanini, waone kwa mbali. Sehemu yake iliporomoka Desemba 2020, na palipozungushiwa pasiguswe.

Bustani ya Victoria iko mbele ya Ikulu. Kamera zitiwe mkobani kabla hamjafika, si baada ya askari kuwaita. Lile jumba la ndani ndimo lilimokuwa likikaa Baraza la Kutunga Sheria la wakati wa Muingereza, lililoanza 1926. Mbele kidogo Beit el Amani ya 1925, jumba la makumbusho, ile ya makuba aliyoichora Sinclair, msanifu wa Kiingereza. Wageni wengi hudhani ni msikiti, waache wakisie kwanza. Na ukifika Mnazi Mmoja wahadithie sikukuu, watoto na nguo mpya usiku wa Idi, maana asubuhi ya Agosti wataona majani na mbuzi tu.

KijanaMalindi
Nimeandika hivi, mnisahihishe. Saa kumi na mbili na nusu Forodhani, maelezo na mazoezi ya kukaa kushoto, tunazunguka ndani ya uwazi ule mpaka kila mtu azoee. Shangani kwa barabara ya gari, si vichochoro. Victoria, Beit el Amani, Mnazi Mmoja, Jamhuri, kila mahala hadithi ya ufuo. Darajani tunashuka na kusukuma.

Ila saa, Ami, hazitoshi. Nikisimama vituo vyote hivyo, Malindi nitafika saa mbili na nusu na malori yameshaamka. Kwa hiyo ziara ya baskeli naimalizia Malindi. Mtoni tunakwenda kwa gari, baskeli zinarudi kwa mwenyewe. Upepo wa mgongoni bibi ataukosa, anisamehe.

AmiBububu
Sawa kabisa. Hadithi ya treni wape ndani ya gari, mkipita Saateni.

MtembezajiMwenzio
Na pikapu umeikwepa. Bei ishushe kidogo, hoteli itapenda. Nusu kabla usisahau.

FundiMlandege
Zilete zote nane Jumatano kabla ya safari, baada ya alasiri, nizitazame. Na ya bibi uchague ile ya kike isiyokuwa na bomba la juu, apande bila ya kurusha mguu. Pale unapokodi ziko mbili, moja breki yake ya nyuma haishiki, usiichukue ile yenye keria nyekundu.

KijanaMalindi
Keria nyekundu ndiyo waliyonionesha jana wakasema mpya! Jumatano inshaallah.