Mtoto wa miaka 16 kapigwa miaka 30, sisi tunaambiwa tutulie

Wakuu, naandika nikiwa na hasira, mnivumilie.

Kijana wa jirani yangu ana miaka 16. Alhamisi iliyopita kapigwa miaka 30, unyang'anyi wa kutumia silaha. Sisemi ni malaika. Alikuwepo na wakubwa wawili siku dada wa kutoa pesa pale kona alipokatwa panga la mkono. Aadhibiwe, sawa. Ila aadhibiwe kama mtoto.

Kifungu cha 119 cha Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 hakina kona kona: mtoto hahukumiwi kifungo, hata sheria nyingine ikisemaje. Ndiyo maana kuna shule ya maadilisho kule Irambo, Mbeya. Sasa dogo kapandaje karandinga?

Hati ya mashtaka imeandikwa miaka 19. Kaandika nani? Askari, kwa kumtazama tu. Dogo ni mrefu, ana vindevu, basi, yamekwisha. Kadi ya kliniki ilienda na mafuriko ya Msimbazi, pamoja na godoro. Wakili hana. Mama yake aliposimama aseme umri wa mwanawe, akaambiwa akae asivuruge shauri. Afisa ustawi wa jamii hatukumwona hata siku moja! Kalamu ya askari imeongeza miaka mitatu, na hiyo mitatu ndiyo imezaa thelathini.

Jumatatu tukaenda. Wamama na kanga zao, mwalimu wake wa darasa la saba na rejista ya shule kwapani, tukakaa nje ya mahakama kimya, hata wimbo hatukuimba. Haikupita nusu saa, difenda mbili hizo. Eti mkusanyiko hauna kibali. Mwenyekiti wetu wa mtaa, ambaye ndiye baba wa ubatizo wa huyo mtoto, anasema tuiache sheria ifuate mkondo wake. Mkondo upi, mzee?

Na kabla hamjaniletea "angekuwa dada yako je": aliyekatwa ni binti wa mama yangu mkubwa. Vidole viwili havikunji mpaka leo. Jumatatu hakuja, na simlaumu.

Notisi ya rufaa ni siku 10, leo ya sita. Kama humu kuna mwanasheria anayeshika kesi za msaada, aje inboksi leo hii. Rejista tunayo, cheti cha ubatizo tunakifuata parokiani kesho asubuhi.