Rasimu ya makubaliano, kiwanja cha Babu

Mama Mkubwa: Wanangu, wakili kanitumia rasimu. Nyumba inabaki kwangu, sehemu ya nyuma anachukua mjomba wenu, kesi yetu mimi na yeye inaisha. Kesho nasaini.

Mjomba: Na mimi nasaini, dada. Majaji wamebadilishwa, kesi imeahirishwa na kuahirishwa, mpaka mashahidi wetu wametangulia mbele ya haki.

Dada: Shikamooni wazee wangu. Nimefurahi mno! Ila naomba msisaini bado. Kifungu cha 4 kinasema mdai "ataondoa kesi mahakamani". Hapo sipapendi kabisa.

Mama Mkubwa: Marahaba mwanangu. Kwani si ndicho tunachotaka, kesi itoke?

Dada: Ikiondolewa tu, mnabaki na mkataba wa kawaida. Mmoja akigeuka, mwenzake itabidi afungue kesi nyingine kuudai. Hati ipelekwe mahakamani, jaji ajiridhishe kwamba ni halali na mmekubali kwa hiari, aisajili na kutoa tuzo, yaani amri rasmi ya mahakama, kwa masharti yale yale. Hapo inakuwa na nguvu ya hukumu. Asiyetimiza, mwenzake anaomba kukazia hukumu, yaani mahakama imlazimishe kutimiza, hakuna kuanza upya.

Binamu: Na rufaa je?

Dada: Kwa kawaida, ulichokikubali mwenyewe hukikatii rufaa. Labda uthibitishe ulidanganywa au ulilazimishwa. Ndiyo maana nasema someni polepole.

Mjomba: Basi nami niseme. "Sehemu ya nyuma" nitaifikiaje? Geti ni moja, na liko mbele ya nyumba.

Mama Mkubwa: Utapita, mdogo wangu. Nani atakuzuia?

Mjomba: Wewe hutanizuia. Je, atakayeinunua nyumba baada yako?

Dada: Mjomba yuko sahihi. Tena "sehemu ya nyuma" si kipimo. Mpima ardhi aje aweke bikoni, zile alama za mipaka, ramani yake iambatanishwe kwenye hati. Njia iandikwe upana wake, na iandikwe kwamba haki ya kupita itaendelea hata ardhi ikibadilisha mwenyewe. Kisha isajiliwe kwa msajili wa ardhi.

Mama Mkubwa: Mita 3 gari linapita?

Mjomba: Linapita.

Mama Mkubwa: Basi zitoke upande wa choo cha zamani. Ule ukuta nitaubomoa.

Mjomba: Asante sana dada. Na mimi gharama za kesi sizidai tena. Kila mtu amlipe wakili wake.

Mama: Nimewasoma wote. Baba alituacha watatu. Mimi kwenye kesi hiyo simo, na kwenye hati sijaona jina langu.

Binamu: 😔

Dada: Mama ana hoja nzito. Asiyekuwa kwenye kesi hafungwi na tuzo ya makubaliano. Hata mkimaliza leo, yeye au sisi wanawe tunaweza kulifufua shauri. Aombe kuunganishwa kwenye kesi, asaini pamoja nanyi.

Mjomba: Mdogo wangu, unataka kipande gani?

Mama: Sitaki kipande. Nilitaka kuulizwa. Nitasaini kwamba sidai, lakini wakili anisomee kwanza, neno kwa neno.

Mama Mkubwa: Uje basi kabla hatujaenda kwa mawakili, tuisome sote watatu. Mpima namtafuta mimi.