Mjadala: Falsafa ya Kiafrika ifundishwe shuleni Lamu na Malindi? Na ikifundishwa, ni ipi?

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Salaam aleikum waungwana. Naleta hoja, nipingeni au niungeni mkono. Shule zetu za sekondari zina Dini ya Kiislamu, Dini ya Kikristo na Historia. Falsafa haina kipindi. Naona wanafunzi wangepata hata saa moja kwa wiki ya falsafa ya Kiafrika. Niliposema hivyo kwa walimu wenzangu, mmoja akanijibu kwamba Mwafrika hana falsafa, ana methali tu. Wa pili akasema falsafa ni hizo hizo methali, tuziandike ubaoni yaishe. Nawapinga wote wawili, na wa pili nampinga zaidi.

Huyo wa pili anapita njia ya Placide Tempels, padri Mbelgiji aliyekuwa Kongo. Mwaka 1945 alitoa kitabu juu ya falsafa ya Wabantu, akasema msingi wake ni nguvu: kila kilichopo ni nguvu, na nguvu hiyo huongezeka na kupungua. Kwa wakati ule ilikuwa heshima, maana wakoloni wengi walidhani hatufikiri kabisa. Lakini humo hamna Mbantu hata mmoja anayebishana na mwenzake. Wote wanafikiri kitu kimoja, na kukieleza hawawezi mpaka padri awaelezee! Mwanafalsafa Paulin Hountondji wa Benin aliishambulia njia hiyo vikali miaka ya 1970. Kwake, imani ya jamii nzima si falsafa. Falsafa ni hoja ya mtu mwenye jina, iliyoandikwa ili mwingine aijibu.

Kwenye sharti la kuandika ndipo Mkenya mwenzetu, Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi, alipokataa. Alikwenda vijijini akawahoji wazee wenye sifa ya busara, akawaona ni mafungu mawili. Wapo wanaoijua mila ya kwao barabara, wakaieleza vizuri, wakaishia hapo. Na wapo wachache ambao wakishaieleza wanaigeukia: hapa wazee wetu walikosea, na sababu ni hii. Hao ndio aliowahesabu kuwa wanafalsafa, wajue kusoma wasijue.

Basi nataka kila wiki mzee mmoja aje darasani, wanafunzi wamuulize na kumbishia kwa adabu, na maneno yake yarekodiwe kwa jina lake. Mwaonaje?

Mzee wa Mkomani, Lamu

Mwalimu, hilo la kuandika lisikusumbue. Waamu na Wapate tumeandika kabla ya maprofesa hao kuzaliwa. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir alitunga shairi la Al-Inkishafi akiuangalia mji wa Pate ulioporomoka, majumba yaliyong'aa kwa taa za kioo na shaba yamekuwa makao ya popo. Na hakuanza kwa kuwahubiria watu. Aliuweka kitako moyo wake mwenyewe akaubana: umeyaona haya yote, mbona bado waipenda dunia? Mtu wa kujihoji hivyo ubeti baada ya ubeti, mwamwitaje?

Kijana wa Majengo, Malindi

Shikamoo mzee. Mimi namwita mcha Mungu. Swali anauliza, lakini jibu analo tangu mwanzo, na shairi linaishia Jehanamu. Nijuavyo mimi, mwanafalsafa ni mtu asiyejua swali lake litamtua wapi.

Mzee wa Mkomani, Lamu

Marahaba mwanangu. Basi mfute na Augustino, mzaliwa wa Thagaste, Algeria ya leo. Naye alikuwa askofu akiuhoji moyo wake mbele ya Mungu, na vyuo vya Ulaya vinamsomesha kama mwanafalsafa. Dini haikumzuia yeye, imzuie Sayyid Abdalla?

Mama wa Siyu

Wanaume mmetajana vya kutosha. Mwana Kupona binti Mshamu, mke wa Bwana Mataka mtawala wa Siyu yetu, alimwandikia binti yake utenzi wa wasia mwaka 1858 akiwa mgonjwa. Lugha yake naipenda mno. Lakini kwa kipimo cha mwalimu sijui nimweke fungu lipi. Amtii Mungu, Mtume, wazazi, mume: mila ameieleza kuliko yeyote, ila ameigeukia wapi? Wapo wasemao kwamba anamfunza binti werevu wa kuishi palipo na mamlaka ya mwingine, na huo ni ufikiri wa hali ya juu. Mimi siridhiki, ila ningependa kuwasikia wasichana wa kidato cha tatu wakilibishania.

Na hilo la "mzee mmoja kila wiki", mwalimu, nalijua litakavyokwenda. Utawaokota barazani, na barazani sisi hatukai. Mwaka utakwisha wageni wako wote ni wavaa kofia.

Mkulima wa Gede

Sisi Wagiriama hatuna utenzi wa 1858. Tuna Mekatilili wa Menza, aliyewainua watu dhidi ya Waingereza mwaka 1913. Inasimuliwa kwamba alimletea ofisa wa kikoloni kuku na vifaranga, akamwambia jaribu kuchukua kimoja uone mama yake atakavyokufanya. Vijana wetu nao ni hivyo hivyo. Hoja kamili, na haikuhitaji karatasi.

Lakini lililonileta hapa ni jingine. John Mbiti, msomi Mkenya wa dini za Kiafrika, katika kitabu chake cha 1969, aliandika kwamba Mwafrika husema: niko kwa kuwa tuko. Sasa neno hilo linapigiwa makofi kila mkutano, pamoja na "utu" na "ubuntu". Hapa Kilifi wazee wanauawa kwa kuitwa wachawi. Mwenye mvi anafukuzwa nyumba aliyoijenga mwenyewe, na mara nyingi nyuma ya tuhuma kuna shamba. Wanaomfukuza si wageni. Ni watoto, wapwa na majirani, yaani "tuko" yenyewe. Nielezeni: mzee aliyekataliwa na "tuko", yeye yuko au hayuko?

Msomaji wa Mambrui

Mbiti huyo huyo alichukua "sasa" na "zamani" za Kiswahili, ushahidi akautoa Kikamba na Kikuyu, akahitimisha kwamba Mwafrika wa jadi hana wakati ujao wa mbali. Babu zetu waliopanda minazi walikuwa wakingoja nini?

Kijana wa Majengo, Malindi

Hilo la Gede ni zito, nampa mkono. Ila namrudia mwalimu. Mwanafalsafa Peter Bodunrin wa Nigeria alimpinga Oruka mwaka 1981: ukimkalisha mzee ukamchokonoa kwa maswali ya chuo kikuu, hicho kinachotoka ni falsafa ya mzee au yako?

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Ya wote wawili, na sioni ubaya. Sokrate, yule mwanafalsafa Mgiriki wa kale, hakuacha maandishi, na tunamjua kwa sababu wengine waliandika mabishano yake.

Kaka wa Gede, swali lako ndilo linalonifanya nimshike Oruka nimwache Tempels. Falsafa ikiwa ni yale jamii inayoyaamini, basi uchawi ni falsafa na waliomfukuza mzee ndio wanafunzi wake wazuri. Oruka alimhoji Paul Mbuya Akoko, mzee wa Kiluo, aliyesema kwamba watu wake walikosea kudhani Mungu wao ni wao peke yao. Mungu ni mmoja kwa wote. Mtu wa kuiambia jamii yake hivyo angeweza pia kuwaambia wapwa wenye mapanga: mmejuaje kama huyu ni mchawi?

Mama wa Siyu, nusu ya wageni watakuwa wanawake. Unitafutie wa kwanza.

Mama wa Siyu

Nitakutafutia. Na akija mzee akasema mbele ya watoto kwamba uchawi upo, na wachawi wanastahili?

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Hatatolewa. Ataulizwa amejuaje, mpaka kengele ilie.

Mzee wa Mkomani, Lamu

Mimi sitaki watoto wa watu wambane mzee hadharani. Adabu nayo ina hoja zake.

Mkulima wa Gede

Mzee wangu, yule ninayetaka asikilizwe alishabanwa hadharani, na si kwa maswali. Kuja Lamu hawezi. Ni basi mpaka Mokowe, kisha boti, na miguu haimbebi. Mwalimu, waleteni wanafunzi huku.