Kwa nini baadhi ya vipande vya pommes soufflées havifuri?

Binti Karai: Ndugu zangu, naomba msaada wa wenye uzoefu wa mapishi ya Kifaransa. Napika pommes soufflées, yaani vile vipande vya viazi vinavyokaangwa mara mbili hadi vikafura na kuwa na uwazi ndani. Vyote hutoka katika kiazi kimoja na kuingia katika karai moja, lakini karibu nusu yake hubaki bapa. Je, tatizo ni viazi, mafuta, au mkono wangu?

Mzee wa Jikoni: Dada, chunguza unene kabla ya kuulaumu moto. Kipande kiwe na unene sawa wa takriban milimita 3 kutoka ukingo hadi ukingo, na kwa hilo usiliamini jicho, tumia kikatio. Chagua viazi vikavu vyenye wanga mwingi, kwa kuwa viazi vichanga vina maji mno, na ukishakata, futa kila kipande kwa kitambaa.

Ukaangaji wa kwanza, katika mafuta ya nyuzi 140 hadi 150 za Selsiasi, haukusudiwi kukipa kiazi rangi bali kuuivisha wanga wa juu ugeuke ngozi isiyopitisha mvuke. Tikisa karai taratibu, na malengelenge madogo yakianza kujitokeza, vitoe vipande vipoe. Ukivitosa tena katika mafuta ya nyuzi 190, maji yaliyosalia katikati hugeuka mvuke ghafla, mvuke ukakosa pa kutokea, na kipande kikafura kama puri. Ngozi ikitoboka hata kidogo, mvuke huponyoka, kwa hiyo usivigeuze kwa uma.

Msomaji wa Pwani: Niongeze kwamba hata wapishi wa mahoteli hutarajia vichache kugoma, hivyo hukata vya ziada. Husimuliwa kuwa chakula hiki kilizuka Saint-Germain-en-Laye, mji ulio karibu na Paris, mwaka 1837, siku ya kuzinduliwa kwa reli kutoka Paris, pale wageni walipochelewa na mpishi akavirudisha katika mafuta viazi vilivyokwisha kupoa. Reli ilizinduliwa kweli mwaka huo, ila iliishia Le Pecq, chini ya kilima, na haikufika Saint-Germain yenyewe hadi 1847. Kisa hicho, basi, nakipokea kwa tahadhari.

Binti Karai: Nashukuru sana. Je, naweza kukaanga mara ya kwanza asubuhi, nikamalizia jioni?

Mzee wa Jikoni: Inawezekana, mradi uvitandaze juu ya kitambaa bila kuvirundika. Chumvi nyunyiza mwishoni, wageni wakiwa wameshaketi.